Kosa Lililomo Ndani ya Mechi 244

Kuna methali ambayo haiishi vinywani mwa walimu, na ambayo kila mwanafunzi huiandika katika insha yake angaa mara moja: kutenda kosa si kosa, kosa ni kurudia kosa. Twaisema kwa wepesi kama mtu anayeamkua. Lakini ukiichunguza kwa makini utaona kwamba methali hiyo humsemesha mkosaji peke yake. Haina neno hata moja kwa yule mwenye mamlaka ya kumpa mkosaji nafasi ya pili au kumnyima. Itajulikanaje kwamba fulani hatarudia kosa lake, iwapo hatakubaliwa kurudi tena pale alipokosea?

Katika makala haya ningependa tulitazame swali hilo kupitia maisha ya mchezaji mmoja ambaye huenda wengi wa wasomaji wa ukurasa huu hawajapata kulisikia jina lake. Ni Jim Stynes, mzaliwa wa Dublin, jiji kuu la Ireland. Alianza kwa kucheza kandanda ya Kigaeli, mchezo wa jadi wa nchi yake, kisha akaenda Australia kujifunza mchezo mwingine ambao hakuwa amewahi kuucheza, na huko akapanda hadi kileleni. Wapenzi wa mchezo huo humkumbuka kwa mambo mawili. La kwanza ni kosa alilolitenda siku moja ya Septemba mwaka 1987 mbele ya makumi ya maelfu ya watazamaji. La pili ni rekodi ya kucheza mechi 244 mfululizo, bila kukosa hata moja, kati ya mwaka 1987 na 1998. Aghalabu mambo haya mawili husimuliwa mbalimbali, la kwanza kama aibu na la pili kama fahari. Mimi nashikilia kwamba ni jambo moja.

Kabla ya kuendelea, yafaa tuieleze michezo yenyewe, maadamu hapa kwetu haifahamiki sana.

Kandanda ya Kigaeli huchezwa na watu 15 kila upande kwa mpira wa mviringo unaokaribiana na ule wa soka tuijuayo. Mchezaji ana ruhusa ya kuushika kwa mikono na kwenda nao hatua nne, kisha sharti audundishe chini, au aupige kwa ncha ya mguu umrudie mikononi, ndipo aendelee kukimbia. Lango lina umbo la herufi H. Mpira ukiingia wavuni chini ya mwamba ni bao lenye thamani ya pointi 3. Ukipaa juu ya mwamba katikati ya milingoti ni pointi 1, ingawa kanuni za mwaka 2025 zilileta pointi 2 kwa mkwaju unaopigwa kutoka mbali. Chama kinachousimamia mchezo huo kilianzishwa katika mji wa Thurles mwaka 1884, na la mno ni kwamba wachezaji wake ni wa ridhaa. Mtu huweza kushangiliwa na umati wa watu 80,000 katika uwanja wa Croke Park siku ya Jumapili, na Jumatatu asubuhi akarejea darasani kufundisha au shambani kukama ng'ombe.

Kandanda ya Kiaustralia nayo ina asili yake katika jiji la Melbourne, ambako kanuni za mwanzo ziliandikwa mwaka 1859. Uwanja wake una umbo la yai, na mpira wake pia una umbo la yai. Kila upande huwa na wachezaji 18. Hakuna mwamba wala wavu, ila milingoti minne iliyosimama wima kila mwisho wa uwanja. Mpira ukipigwa kwa mguu ukapita kati ya milingoti miwili ya ndani, hilo ni bao la pointi 6. Ukipita pembeni, kati ya mlingoti wa ndani na wa nje, ni pointi 1. Mtu akiudaka mpira uliopigwa kwa mguu kutoka mbali kabla haujagusa kitu, husimama na kuupiga bila kubughudhiwa. Mpinzani mmoja huruhusiwa kusimama mbele yake mahali palipowekwa alama, na ni mwiko kwa mpinzani mwingine yeyote kukatiza kati ya wawili hao. Mwiko uo huo humlinda anayepiga frikiki. Msomaji na auhifadhi mwiko huu, kwani ndio kiini cha kisa chetu.

Kwa kuwa michezo hii miwili yote hutumia mikono na miguu, na yote huthamini kuruka na kudaka, watu wa nchi hizo mbili walianza kutembeleana. Mwaka 1967 timu ya Waaustralia ilifunga safari hadi Ireland na kucheza na Meath, waliokuwa mabingwa wa nchi, na mwaka uliofuata Meath wakaenda Australia. Kutokana na ziara hizo wazo likazuka: je, kijana aliyefunzwa mchezo wa Kigaeli aweza kufundishwa mchezo wa Kiaustralia hadi ngazi ya juu kabisa?

Aliyelitia wazo hilo katika vitendo ni Ron Barassi, mchezaji na kocha mashuhuri wa Australia, ambaye mapema katika miaka ya 1980 alikuwa akiifunza klabu ya Melbourne. Klabu hiyo kongwe ilikuwa haijatwaa ubingwa tangu mwaka 1964. Ikatoa tangazo katika magazeti ya Ireland kuwaalika vijana warefu, wepesi na wenye vidole vya kudaka, na kuwaahidi ufadhili wa masomo ya chuo kikuu wakiwa huko. Stynes, aliyezaliwa tarehe 23 Aprili 1966, alikuwa mwanachama wa klabu ya Ballyboden St Enda's. Mwaka huo wa 1984 alikuwa katika timu ya vijana ya Dublin iliyonyakua ubingwa wa Ireland. Aliitikia tangazo, akafanyiwa majaribio, akachaguliwa, na kabla ya mwaka kwisha alikuwa ameshatua Melbourne. Alikuwa na umri wa miaka 18.

Hapa ndipo mwalimu apasapo kutega sikio. Kijana huyu hakufika Australia kama karatasi tupu. Alikuwa bingwa wa mchezo wake. Mikono yake ilijua kushika mpira na miguu yake ilijua kuupiga tangu utotoni. Lakini ujuzi huo huo, uliomwezesha kuchaguliwa, ndio uliomtatiza. Mpira wa mviringo ukidunda hurudi pale unapoutarajia. Wa umbo la yai hudunda ukaenda utakako wenyewe. Mpira wa mviringo waweza kuupiga ukiwa umekaa vyovyote mkononi. Wa umbo la yai sharti uushike kwa namna moja na kuuachilia uangukie mguu kwa namna moja, la sivyo hupinda na kwenda kombo. Ilimlazimu Stynes kujifunza mambo mapya, na kabla ya hapo kuyasahau ya zamani. Kusahau ni kugumu kuliko kujifunza.

Walimu wa lugha wanalielewa jambo hili kinaganaga. Mwanafunzi ambaye lugha yake ya kwanza haipambanui sauti za "l" na "r" huandika "kura" badala ya "kula", na wenzake wakamcheka wakidhani hajui kitu. Hali halisi ni kinyume. Anakosea kwa sababu anajua. Ipo lugha nzima kichwani mwake, yenye kanuni zake timamu, nayo inamwamrisha ulimi. Kosa la aina hiyo ni alama ya njia anayopitia mtu kutoka ujuzi mmoja hadi mwingine. Anayelihesabu kuwa ni ujinga hulisahihisha kwa kiboko au kwa dhihaka, na mwanafunzi hunyamaza. Anayeijua njia yenyewe husahihisha kwa mazoezi na muda.

Stynes alipewa muda. Mwaka 1985 aliwekwa pamoja na wachezaji wa umri wa chini ya miaka 19. Mwaka 1986 alipelekwa kwa mkopo katika klabu ya Prahran, iliyocheza ligi nyingine ya ngazi ya chini, ili apate mechi za kutosha mbali na macho ya wengi. Ni mwaka 1987, msimu wake wa tatu tangu afike, ndipo alipovishwa jezi ya timu kubwa ya Melbourne na kuanza kucheza katika ligi kuu. Kocha alikuwa John Northey. Kazi aliyokabidhiwa ilikuwa ya yule mrefu anayeruka katikati ya uwanja mpira unaporushwa juu na mwamuzi, aupige kwa mkono kuwaelekea wenzake. Kwa urefu wake wa karibu mita mbili alifaa. Lakini tofauti na warefu wengi wa enzi hizo, waliokuwa wakiruka kisha wakasimama kutweta, yeye alikuwa na pumzi ya mchezo wa Kigaeli, akawa akiruka kisha akakimbia pamoja na wafupi kutoka upande huu hadi ule. Ujuzi wa kwao ulianza kumlipa.

Basi ikafika tarehe 19 Septemba 1987. Ilikuwa ni mechi ya nusu fainali ya mwisho: mshindi kati ya Melbourne na Hawthorn angeingia fainali. Melbourne hawakuwa wamekanyaga fainali tangu ule mwaka wa 1964. Zikiwa zimesalia sekunde chache walikuwa wakiongoza kwa pointi 4. Mwamuzi akampa Gary Buckenara wa Hawthorn frikiki. Alikuwa mbali na lango, mahali ambapo kufunga kungekuwa kwa taabu kubwa. King'ora cha kumaliza mechi kikalia, na kwa mujibu wa kanuni ulibakia mkwaju wake huo mmoja tu.

Ndipo Stynes alipokimbia na kukatiza kati ya Buckenara na mchezaji wa Melbourne aliyesimama kwenye alama.

Hakumpiga mtu. Hakumtusi mwamuzi. Alipita tu mahali pasipopitika. Adhabu ya mwiko huo wakati ule ilikuwa kumsogeza mpigaji mita 15 mbele, na mwamuzi hakusita kuitoa. (Mwaka uliofuata adhabu hiyo iliongezwa ikawa mita 50.) Buckenara akasogea, akapiga, mpira ukapita katikati ya milingoti. Pointi 6. Hawthorn wakashinda kwa pointi 2. Klabu ya Melbourne, iliyosubiri miaka 23, ikatoka uwanjani mikono mitupu. Katika chumba cha kubadilishia nguo kamera za televisheni zilimwonyesha kocha Northey akimkaripia kijana huyo, na taifa zima likaona.

Msomaji na ajiulize: wewe ungemfanyaje kijana huyo? Mgeni kutoka nchi ya mbali, katika msimu wake wa kwanza wa ligi kuu, akiwa ameukosesha mji mzima kile ulichokingojea muda wa kizazi kizima. Sababu za kumrudisha kwao zilikuwa nyingi na zote zilikuwa na mantiki. Angeweza kuambiwa kwamba jaribio limeshindikana. Angeweza kurejeshwa Prahran. Angeweza kuachwa benchi mwaka mzima ili ajue ukubwa wa alilolitenda.

Hakuna lililotendeka kati ya hayo. Na ushahidi umo ndani ya ile namba 244. Mfululizo huo wa mechi ulianza kabla msimu wa 1987 haujaisha, na kwa hivyo mechi ile ya Septemba, ambayo ndiyo iliyokuwa ya mwisho kwa Melbourne mwaka huo, imo ndani ya hesabu. Mechi iliyoifuata, ya mwanzo wa msimu wa 1988, imo pia. Ina maana kwamba hakupita hata mchezo mmoja baada ya kosa lile ambao Stynes hakuucheza. Watu huisoma rekodi hiyo kama sifa ya ugumu wa mwili wake, na ni kweli alikuwa mgumu, kwa kuwa huu ni mchezo wa kugongana vifua na hakuna aendaye miaka kumi na moja bila maumivu. Lakini rekodi ya kucheza mfululizo haiandikwi na mchezaji peke yake. Kila juma kuna mtu anayekaa na kalamu kuorodhesha majina ya watakaocheza. Kalamu hiyo ingalimpita Stynes mara moja tu mwanzoni mwa 1988, na kusingalikuwa na 244.

Yaliyofuata yanaonyesha kwamba uamuzi ule haukuwa wa huruma mtupu. Mwaka 1988 Melbourne waliingia fainali, Stynes akiwemo, ingawa Hawthorn waliwacharaza kwa tofauti ya pointi 96. Nafasi ya pili, kwa hiyo, haikuleta ushindi mara moja. Msomaji asitarajie hadithi ya sungura na fisi ambamo mema hulipwa kabla jua halijatua. Ilipita miaka mingine mitatu. Mwaka 1991 Stynes alitunukiwa nishani ya Brownlow, tuzo ambayo imetolewa tangu mwaka 1924 kwa mchezaji bora na muungwana kuliko wote wa ligi. Alikuwa wa kwanza kuipata miongoni mwa wachezaji walioletwa kutoka ng'ambo kuja kujifunza mchezo huo.

Na ni nani huwapigia kura wanaowania nishani hiyo? Ni waamuzi. Baada ya kila mechi ya msimu waamuzi hukaa na kutoa kura 3, 2 na 1 kwa wachezaji watatu waliowaona kuwa bora, na aliyefungiwa kwa utovu wa nidhamu hana haki ya kushinda. Watu wa kipenga, ambao mmoja wao alimwadhibu mbele ya umma mwaka 1987, ndio waliomchagua miaka minne baadaye kuwa bora na mwenye kuheshimu kanuni. Sidhani kuna cheti kizuri kuliko hicho ambacho mwanafunzi aweza kupewa na mtahini aliyewahi kumwangusha.

Kunao watakaopinga. Watasema kwamba kumlea mkosaji ni kuwalemaza wengine, na kwamba mchezo wa kulipwa, sawa na shule yenye nia, hauwezi kuendeshwa kwa kubembelezana. Hoja hiyo ina uzito na haifai kupuuzwa. Lakini tuangalie vyema kilichotokea. Stynes hakubembelezwa. Alikaripiwa, na akakaripiwa hadharani, jambo ambalo mimi binafsi silisifu. Hata hivyo, kukaripiwa na kufukuzwa ni mambo mawili tofauti, na walimu wengi wetu huyachanganya. Neno kali husahaulika, au hukumbukwa na kueleweka baadaye, iwapo siku ya pili kiti cha mwanafunzi kingali pale pale na jina lake lingali katika orodha. Kinachomvunja kijana ni kuondolewa jina.

Yafaa pia tuseme kwamba subira haina maana ya kutofikia mwisho. Stynes mwenyewe, alipokuwa kiongozi wa klabu hiyo miaka mingi baadaye, alionja upande wa pili wa jambo hili. Tarehe 30 Julai 2011 Melbourne walitwangwa na Geelong kwa tofauti ya pointi 186, na mara tu baada ya hapo klabu ikamwachisha kazi kocha wake, Dean Bailey. Wapo watakaouliza: i wapi basi ile nafasi ya pili? Swali ni la haki. Jibu langu ni kwamba Bailey alikuwa ameshika usukani tangu mwanzo wa msimu wa 2008, na aliyepimwa kwa miaka minne amepimwa. Wala haimaanishi kwamba siku ile haikuwa na uchungu wake, au kwamba waliotoa hukumu hiyo walikuwa na hakika. Subira hupimwa kwa misimu. Aliyepewa misimu hawezi kusema hakupewa. Aliyepewa alasiri moja aweza.

Je, vipi wale walioachwa nyumbani? Mwacha asili ni mtumwa, husema wazee, na nchini Ireland kumekuwa na manung'uniko kwa miaka mingi kwamba klabu tajiri za Australia huwachuma vijana waliolelewa kwa jasho la makocha wasiolipwa hata senti. Manung'uniko hayo yana msingi. Si haba vijana waliokwenda na kurudi baada ya mwaka mmoja au miwili bila kugusa mechi ya ligi kuu. Lakini asili haikumwacha Stynes, na wala haikuwaacha waliofuata nyayo zake. Ndugu yake Brian alicheza Melbourne kwa muda mfupi, akarejea, na mwaka 1995 akawa katika timu ya Dublin iliyotwaa ubingwa wa Ireland. Tadhg Kennelly wa Kerry alishinda ubingwa wa Australia na Sydney mwaka 2005. Mwaka 2009 akaenda kwao, akavaa jezi ya Kerry kama marehemu babake aliyewahi kuwa nahodha, akashinda na huko pia, akawa mtu wa kwanza kuyapata yote mawili. Rekodi ya Stynes ya mechi 264 kwa mchezaji wa Ireland ilidumu miaka mingi hadi ilipopitwa na Zach Tuohy, aliyestaafu mwaka 2024 akiwa amecheza 288. Na tangu mwaka 2018, Cora Staunton wa Mayo alipofungua mlango, wanawake wa Ireland nao wamo katika ligi ya wanawake ya Australia. Njia iliyoonekana kuzibika ile alasiri ya 1987 imekuwa barabara.

Stynes alistaafu mwaka 1998. Hakuwahi kushinda ubingwa wa Australia. Klabu yenyewe ilisubiri hadi mwaka 2021. Alichokuwa nacho ni mechi 264, mabao 130, na tuzo nne za mchezaji bora wa klabu, tatu kati ya hizo zikiwa za miaka ya 1995, 1996 na 1997, alipokuwa akikaribia au ameshapita umri wa miaka 30. Aliyechelewa kuanza alichelewa pia kuchoka.

Lakini pengine kazi yake kubwa haikuwa uwanjani. Mwaka 1994, akingali mchezaji, alishirikiana na mtengenezaji filamu Paul Currie kuanzisha shirika la Reach katika jiji la Melbourne. Shirika hilo huwakutanisha vijana, wengi wao wanafunzi wa shule, wakaketi pamoja na kusemezana juu ya yale yanayowasumbua: woga, upweke, hasira, kushindwa. Wanaoyaongoza mazungumzo hayo aghalabu ni vijana wenyewe waliopitia mafunzo hayo. Sisemi kwamba shirika lilizaliwa na kosa la 1987. Mambo ya mtu hayana chanzo kimoja. Nasema tu kwamba mtu aliyewahi kusimama uwanjani akiwa na umri wa miaka 21, nchi nzima ikimnyooshea kidole, alikuwa na haki ya kuwaambia vijana kwamba kesho ipo.

Mwaka 2008 aliitwa kuiongoza klabu yake ya zamani iliyokuwa imezama katika deni la mamilioni ya dola. Aliwaendea wafuasi, akawaomba wachange, na mwaka 2010 deni likawa limelipwa. Wakati huo tayari alikuwa mgonjwa. Mnamo Julai 2009 alitangaza kwamba ana saratani, nayo baadaye ikasambaa hadi kwenye ubongo. Aliendelea na kazi kati ya matibabu, hadi alipoachia uongozi mapema mwaka 2012. Alifariki tarehe 20 Machi 2012 akiwa na umri wa miaka 45. Serikali ya jimbo la Victoria ilimfanyia mazishi ya heshima katika kanisa kuu la St Paul's mjini Melbourne. Leo hii liko daraja katika mji huo lenye jina lake, na ligi hutoa kila mwaka tuzo yenye jina lake kwa mchezaji anayeihudumia jamii. Kijana aliyekimbia mahali pasipopitika amepewa daraja ili watu wapite.

Kwa wanafunzi mnaosoma makala haya nina neno moja. Namba 244 ingeweza kuwafanya mdhani kwamba Stynes alikuwa mtu asiyeanguka. Isomeni upya. Ni hesabu ya kuhudhuria: alikuja siku aliyong'ara, na alikuja siku iliyofuata ile aliyoharibu. Hili la pili ndilo gumu, nalo halihitaji kipaji. Aliyepata alama mbaya Ijumaa akafika shuleni Jumatatu na kitabu chake ameshaanza hesabu yake mwenyewe.

Kwa walimu, neno langu ni refu kidogo. Kila muhula mnaandika majina: ya watakaoingia timu ya shule, ya watakaosoma shairi mbele ya wageni, ya watakaopewa uranja, ya watakaoambiwa wajaribu tena somo ambalo limewashinda. Katika kila orodha kuna jina moja ambalo kalamu husita juu yake, kwa kuwa mwenye jina hilo aliharibu mara iliyopita, na aliharibu watu wakiona. Yamkini anakosea kwa sababu hajali. Yamkini pia anakosea kwa sababu anatoka katika mchezo mwingine, lugha nyingine, nyumba nyingine, na bado yuko njiani. Ni wajibu wa mwalimu kumjua yupi ni yupi kabla ya kulikata jina, na ujuzi huo haupatikani kwa kutazama alasiri moja.

Kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi. Lakini mhunzi asiporuhusiwa kuingia tena kiwandani, koleo likitengenezwa litashikwa na nani?